Mchele Si Mmoja: Upishi wa Wali wa Kunata na Embe katika Nyumba ya Lubumbashi

1.0 Utangulizi

Waswahili husema kwamba mchele ni mmoja, mapishi ni mbalimbali. Methali hiyo hutumiwa kueleza kuwa watu wawili waweza kupewa kitu kilekile, na kila mmoja akakitengeneza kwa namna yake. Hata hivyo, kipo chakula kimoja cha Asia ambacho huipinga methali hii waziwazi, kwa kuwa hakipikiki mpaka mchele wenyewe uwe mwingine. Wathai hukiita khao niao mamuang: khao ni mchele au wali, niao ni sifa ya kunata, na mamuang ni embe. Ni wali mtamu ulionyweshwa tui la nazi, ambao huliwa pamoja na embe bivu baada ya mlo au kati ya mlo na mlo.

Makala haya yanaeleza jinsi chakula hicho kinavyoweza kupikwa nyumbani mjini Lubumbashi, mji ambamo maembe ni mengi na nazi ni haba. Sambamba na maelezo hayo, yanagusia jambo linalowahusu wanafunzi wa Kiswahili, yaani jinsi maelekezo ya upishi yanavyotegemea maneno yanayotofautisha vitu na hatua. Mpishi aliyeambiwa "pika mchele" tu atachemsha kile alichopaswa kukipika kwa mvuke. Hapo mchele uliotoka mbali na nazi iliyosafirishwa kwa gharama vitaharibika kwa pamoja.

2.0 Majina ya mchele

Kiswahili cha pwani hutaja mchele kwa jina tofauti katika kila hatua. Ungali shambani au ndani ya makapi yake, ni mpunga. Ukishakobolewa, ni mchele. Punje zilizovunjika huitwa chenga. Ukishapikwa, ni wali. Wali uliopikwa kwa maji mengi ukawa laini huitwa ubwabwa, na ule uliozidi kuwa wa majimaji huitwa mashendea. Tabaka linaloungua na kushika chini ya chungu nalo lina jina lake, ukoko. Kwa hiyo msemaji wa pwani akisikia neno moja tu hujua kama chakula kiko shambani, ghalani au mezani.

Katika Kiswahili cha Lubumbashi hali ni tofauti. Neno mchele, ambalo aghalabu hutamkwa muchele, hutumika kwa punje mbichi na vilevile kwa chakula kilichoiva. Si haki kuiona tofauti hiyo kuwa ni upungufu. Kifaransa, ambacho ni lugha ya elimu nchini Kongo, hutumia neno moja, riz, kwa vitu vyote viwili. Kithai nacho hufanya vivyo hivyo kwa neno khao. Lugha za namna hii huongeza neno la sifa pale inapohitajika kutofautisha.

Tena pwani yenyewe ina pengo lake. Pamoja na wingi wa majina ya hatua, Kiswahili hakina jina moja lililozoeleka la aina ya mchele inayohitajika hapa. Hapana budi kusema "mchele wa kunata". Wathai, ambao hawana neno la pekee la wali, wameitenga aina hiyo kwa jina lake tangu zamani, maana katika nchi ya Laos na kaskazini-mashariki ya Thailand ndiyo chakula cha kila siku. Huko hufinyangwa kwa vidole na kutowezwa katika kitoweo, kama vile tonge la bukari linavyofanywa mezani Lubumbashi. Kila lugha, basi, hukata majina pale ambapo watumiaji wake hukutana na tofauti.

3.0 Mchele wa kunata ni upi?

Yapo makosa mawili yanayofanywa mara kwa mara. La kwanza ni kudhani kwamba mchele wowote uliopikwa kwa maji mengi ni mchele wa kunata. La pili ni kudhani kwamba unanata kwa sababu una sukari. Sababu ya kweli imo ndani ya wanga.

Wanga wa mchele una sehemu mbili. Sehemu moja, amilosi, ina minyororo mirefu isiyo na matawi mengi. Ya pili, amilopektini, ina matawi mengi yaliyoshonana. Mchele wa kawaida huwa na amilosi ya kiasi cha asilimia 10 hadi 30 ya wanga wake. Amilosi hiyo ndiyo inayofanya punje za wali zitengane, hasa unapopoa. Katika mchele wa kunata, amilosi karibu haipo; wanga wake karibu wote ni amilopektini. Ukiiva, kila punje hubaki na umbo lake lakini hushikana na jirani yake. Hapa ndipo unapotofautiana na ubwabwa: katika ubwabwa punje zimepasuka na kupoteza umbo, ilhali katika wali wa kunata punje ni nzima.

Mnunuzi aweza kuutambua mchele huu kwa macho. Punje mbichi za mchele wa kawaida hupitisha mwanga kidogo, kama kioo chenye ukungu. Za mchele wa kunata ni nyeupe pepe kama chaki. Anayetaka uhakika zaidi aweza kutumia iodini ya kutibia vidonda, inayopatikana katika maduka ya dawa. Punje chache hutwangwa, huchemshwa katika maji kidogo, kisha maji hayo huachwa yapoe kabisa. Tone la iodini likitiwa, wanga wa mchele wa kawaida hugeuka buluu iliyokoza, na wanga wa mchele wa kunata huwa na rangi ya kahawia inayoelekea wekundu. Ni wazi kwamba punje zilizotumiwa katika jaribio hilo hutupwa.

Ikiwa mchele wa namna hii hauuzwi katika maduka ya mjini yanayoleta vyakula kutoka Asia, mchele wa kawaida wenye punje fupi hupikwa uwe laini na kutiwa tui na sukari. Chakula kitakachopatikana kitakuwa kitamu, lakini kisiitwe wali wa kunata, na hatua zilizo hapa chini zisitumiwe kwa ajili yake, kwa kuwa mchele wa kawaida ukipikwa kwa mvuke peke yake baada ya kulowekwa huelekea kubaki mgumu.

4.0 Embe na nazi

Katika Lubumbashi embe si mgeni. Miembe imo katika nyua na kando ya barabara, na matunda yake huiva zaidi kuanzia mwezi wa Novemba mpaka Januari, mvua zikiwa zimeanza. Nchini Thailand msimu wa chakula hiki ni Aprili na Mei, mwisho wa joto kali. Ingawa miezi ni mbalimbali, majira yanalingana: pande zote mbili embe huiva ukame unapomalizika.

Wathai hupenda maembe yasiyo na nyuzi, kama aina iitwayo Nam Dok Mai. Katika soko la Lubumbashi muuzaji huulizwa kwanza kama embe lina nyuzi, kwa maana nyuzi zikikwama menoni huvunja raha ya wali laini. Embe lililochumwa kabla halijaiva sawasawa huvundikwa siku chache, yaani hufunikwa mahali penye joto pamoja na matunda yaliyokwisha kuiva. Gesi ya ethilini inayotoka katika matunda hayo huharakisha uivaji, na wanga wa embe hugeuka sukari. Embe lifaalo hubonyea kidogo kwa kidole na kunukia karibu na kikonyo.

Nazi ndiyo yenye shida. Mnazi hupenda joto la pwani la mwaka mzima, na Lubumbashi iko kwenye kimo cha meta 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari, na mwezi wa Juni na Julai usiku huwa baridi. Mchikichi utoao mawese, unaofahamika zaidi nchini Kongo, si mnazi, wala mafuta yake hayawezi kuchukua nafasi ya tui. Kwa hiyo nazi itumikayo Lubumbashi imesafirishwa, au imekuja ikiwa tui la kopo.

Umbali huu umeathiri lugha. Mwanafunzi wa Lubumbashi hukutana katika kamusi na maneno mbuzi (kibao chenye ulimi wa chuma cha kukunia nazi), kifumbu (mfuko wa ukili wa kukamulia), kasimile (tui zito la kwanza) na chicha (mabaki ya nazi iliyokamuliwa), lakini vitu vyenyewe hajaviona. Neno lisilo na kitu mkononi husahaulika upesi. Mtu akikuna nazi moja na kuikamua hatahitaji tena kuyakariri maneno hayo.

5.0 Hatua za upishi

Vipimo vifuatavyo hutosha watu 4 hadi 6: mchele wa kunata gramu 300, tui zito mililita 400, ambalo hupatikana kwa nazi 2 au kopo moja, sukari gramu 100, chumvi kijiko kidogo kimoja, kitakachogawanywa, unga wa mchele kijiko kidogo kimoja, na maembe makubwa 3.

5.1 Kuosha na kuloweka. Mchele huchambuliwa, kisha huoshwa mara tatu au nne mpaka maji yake yakaribie kuwa meupe safi. Baadaye hulowekwa katika maji mengi kwa muda usiopungua saa 4. Wengi huuacha usiku kucha. Hatua hii haiwezi kurukwa. Katika wali wa kawaida punje hupata maji yake zikiwa motoni. Katika wali wa kunata maji karibu yote yanayohitajika huingia wakati wa kuloweka, kwa maana mvuke peke yake hauwezi kuilowesha punje kavu mpaka ndani. Mchele ulioloweka vizuri hukatika kwa ukucha.

5.2 Kupika kwa mvuke. Mchele huchujwa maji yote. Wathai hutumia kikapu cha mianzi chenye umbo la pia juu ya chungu kirefu. Katika nyumba isiyo na kikapu hicho, chujio la bati lenye matundu, lililotandikwa kitambaa safi cha pamba, huwekwa juu ya sufuria yenye maji yanayochemka. Maji yasiguse chujio. Mfuniko nao huvishwa kitambaa ili matone yasidondokee mchele.

Mpishi wa pwani anaujua mvuke kwa njia nyingine: wali unapokaribia kukauka, yeye hufunika chungu na kupalia makaa juu ya mfuniko, na punje humalizia kuiva katika mvuke wao wenyewe. Hapa mvuke haumalizii kazi. Ndio unaoifanya kazi yote tangu mwanzo. Kwa sababu hiyo moto wa mbabula huwekwa makaa ya kutosha mapema, kusudi maji yasiache kuchemka.

Vitabu vingi hutaja dakika 20 hadi 25. Kwa Lubumbashi afadhali kuongeza dakika 5 hadi 10. Kadiri mahali palivyoinuka ndivyo maji yanavyochemka kwa joto dogo zaidi. Kwenye kimo cha meta 1,200 huchemka kwenye nyuzi 96 hivi badala ya 100, na mvuke wake hauna joto kupita hapo. Katikati ya muda huo mchele hugeuzwa, wa juu ukawa chini. Umeiva ikiwa punje imekuwa angavu na haina kiini kigumu.

5.3 Kutengeneza tui. Nazi hukunwa, humiminiwa maji ya moto kidogo, hukamuliwa na kuchujwa. Kasimile ya kwanza ndiyo inayotakiwa. Mililita 250 za tui hutiwa sukari yote na nusu ya chumvi, kisha hupashwa moto mdogo huku likikorogwa mpaka sukari iyeyuke. Tui halichemshwi. Tui ni matone madogo ya mafuta yaliyotawanyika katika maji, yakishikiliwa yasiungane na protini za nazi. Joto kali huziharibu protini hizo, mafuta hujitenga, na hapo husemwa kwamba tui limekatika.

5.4 Kunywesha wali. Wali ukiwa bado wa moto humwagwa katika bakuli, na tui la moto humiminwa juu yake. Hukorogwa taratibu kwa mwiko, hufunikwa, na kuachwa kwa muda wa nusu saa. Mwanzoni bakuli huonekana kama limejaa majimaji, na mpishi mgeni huingiwa na hofu. Baadaye wali huyanywa yote. Ni lazima sukari ingoje hatua hii. Ikitiwa mapema, sukari huyashindania maji na wanga, nao wanga huhitaji joto kubwa zaidi ili uive, na matokeo yake ni punje zenye kiini kigumu ambazo hazitalainika tena.

5.5 Kupakua. Mililita 150 za tui zilizobaki huchanganywa na unga wa mchele na nusu ya pili ya chumvi, kisha hupashwa mpaka zizidi uzito. Tui hili halitiwi sukari. Chumvi yake ndiyo inayoufanya utamu wa embe usikinaishe. Maembe humenywa na kukatwa vipande, hupangwa kando ya wali, na tui la chumvi humiminwa juu. Wathai hunyunyiza choroko zilizomenywa na kukaangwa bila mafuta. Ufuta uliokaangwa waweza kutumika badala yake. Aidha, wao hutia harufu kwa majani ya mmea wa jamii moja na mkadi, ule ambao maua yake hunukiza vikuba vya wanawake wa Zanzibar. Jani hilo likikosekana chakula hakipungukiwi na kitu cha lazima.

6.0 Kuhifadhi

Wali huu huliwa siku ile ile. Ukiwekwa katika friji, wanga wake hujipanga upya na punje huwa ngumu. Kuupasha kwa mvuke huurudishia ulaini kwa sehemu. Ukiachwa nje kwa saa nyingi katika joto la Desemba, hatari ni kubwa zaidi: mbegu za bakteria aina ya Bacillus cereus hustahimili kupikwa, huamka katika wali vuguvugu na kutoa sumu isiyoondolewa kwa kupashwa moto. Kwa hiyo ni heri kupika kiasi kinacholiwa.

7.0 Hitimisho

Upishi wa vyakula vya kigeni kwa maelekezo ya Kiswahili si jambo jipya mjini Lubumbashi. Tangu mji huo ulipoanzishwa mwaka 1910 kwa jina la Élisabethville, Waafrika walioajiriwa katika nyumba za Wazungu walipika vyakula ambavyo hawakuvikuta kwa mama zao. Mwaka 1965 André Yav alikusanya, kwa niaba ya chama cha waliokuwa watumishi wa nyumbani, historia ya mji iliyoandikwa kwa Kiswahili ingawa ilipewa jina la Kifaransa, Vocabulaire de ville de Elisabethville. Johannes Fabian aliichapisha pamoja na tafsiri na uchambuzi mwaka 1990. Maandishi hayo yanathibitisha kwamba watu wa jikoni walikuwa na mengi ya kueleza. Lakini Kiswahili walichosemeshwa na waajiri wao kilikuwa zaidi cha kuamrisha: leta, osha, pika, ondoa. Amri haihitaji kutaja sababu.

Maelezo ya upishi yanahitaji. Mpishi anayejua kwamba mvuke wa Lubumbashi una nyuzi 96 ataongeza dakika bila kuambiwa. Anayejua kwamba sukari hushindania maji hataitia mapema, hata katika chakula kingine kabisa. Sababu hizo zote zimeelezeka kwa Kiswahili, kwa kuazima istilahi chache za kemia na kwa kutumia maneno ya zamani kama kuloweka, kuvundika, kupalia na kukatika kwa tui. Baadhi ya maneno hayo yanatoka pwani, mbabula na bukari ni ya Katanga, na jina la mchele wenyewe imebidi liundwe. Mwanafunzi wa Lubumbashi hana haja ya kuacha kusema muchele anapoketi mezani kwao. Anachohitaji ni kujua, anapoandika maelekezo yatakayofuatwa na mtu asiyemwona, ni mahali gani neno hilo moja litamfanya mtu huyo achemshe badala ya kupika kwa mvuke. Hapo ndipo atakapoongeza neno la pili.